Mbao Haing'ai

"Rudisha."

"Sirudishi, Mama. Nimeshasema."

"Na mimi nimeshasikia. Rudisha."

"Ule ni mkono wa mtu!"

"Ndiyo maana nataka uonekane. Umeutoa mkono wa mtu, mahali pake umeweka machweo na filimbi. Umefunika maiti kwa kitambaa cha meza."

Mwanangu alikuwa ameshika kikombe cha chai. Alikitazama kama anayeshangaa kimefikaje mkononi mwake, kisha akakivurumisha ukutani. Kilipasukia juu ya rafu ya nyaya. Chai ikateremka ukutani ikijigawa vijito viwili, na kigae kimoja kikaja kutua mezani pangu, karibu kabisa na kidole gumba.

"Na hiyo nayo ungeipiga picha?" aliniuliza akihema.

"Ingetegemea mwanga."

Nilidhani nafanya utani.

Tulikuwa katika chumba changu cha kazi, nyuma ya nyumba, ambacho zamani kilikuwa stoo ya mkaa na mpaka leo ukikwangua pembe utapata weusi wake. Nina stashahada ya uhariri wa filamu, na wenzangu kazini huniita Mama Mkasi, ingawa mkasi wenyewe tuliuweka kando siku kompyuta zilipoingia. Nimehariri arusi, matangazo ya sabuni na hotuba za wakubwa ambazo hata wao wenyewe wasingezivumilia bila mimi. Filamu ya mwanangu ilikuwa kazi ya kwanza kunikosesha usingizi.

Kazi yetu ilikuwa na utaratibu. Yeye, mwongozaji, alisimama nyuma ya kiti changu akitazama kioo. Picha ikifika pale alipotaka ikomee, alisema neno, nami nikabonyeza. Tangu mambo yalipoharibika, neno alikuwa halisemi. Aligonga mgongo wa kiti changu kwa konzi, mara moja, kama mgeni asiye na hakika kwamba atafunguliwa.

Filamu ilihusu bonde letu. Mto unalipasua katikati: watu wa Juu ng'ambo ile, watu wa Chini ng'ambo hii. Lugha moja, soko moja, na wakwe pande zote mbili. Nilipokuwa msichana mdogo, asubuhi moja watu wa Juu walivuka na mapanga. Mimi ni wa Chini. Nilijificha kwenye matete, maji yakinifika kifuani, mdogo wangu mchanga nimemlaza begani na kiganja changu kikiwa juu ya mdomo wake, na nikaona yote.

Nilichokiona hakikupigwa picha. Wenye kamera walikuja baadaye, wakati wa kiangazi. Walipiga mawe, vumbi na kunguru, kisha picha zao wakazipaka umanjano, ili mtu wa mbali akitazama aseme: ah, mahali kama pale watu watafanya nini zaidi ya kuuana? Uongo mtupu. Siku ile bonde lilikuwa la kijani hadi linauma macho. Mvua ilikuwa imenyesha usiku kucha, nyasi zimelala kwa uzito wa maji, na ndege waliimba tangu mwanzo hadi mwisho, hawakuona sababu ya kunyamaza. Baba yangu alisimama kwenye mteremko ameinua viganja, akisema neno moja, akilirudia kwa upole kama anayemtuliza ng'ombe, mpaka akawa hana tena mdomo wa kulisema.

Habari za matete mwanangu alizijua. Habari za neno hilo sikumwambia kamwe. Yapo mambo mtu huyameza yakakaa tumboni kama kokwa, hayaoti wala hayatoki.

Alipoamua kuitengeneza filamu, alitaka iwe yetu hadi kwenye mifupa. Alipiga picha wakati wa masika, kijani kikiwa kijani. Wachezaji aliwatoa humo humo bondeni, akawabadilishia pande: wa Juu wacheze waliokatwa, wa Chini wacheze waliokata, kila mmoja avae ngozi ya mwenzake aone inavyobana. Na maneno ya kuazima akayapiga marufuku. Katika kazi yetu, kamera ikitakiwa kusimama watu husema "kati!", neno la Kiingereza lililokuja pamoja na mashine, tukalizoea kama tulivyozoea nyaya zake. Yeye akasema hapana, tuna lugha. Tutasema "kata!"

Nilimwambia lugha yetu hukata vitu vingi mno: tiketi, kiu, tamaa, hata roho.

Akacheka. "Hata shauri hukatwa, Mama. Usiwe na wasiwasi."

Halafu kulikuwa na suala la mng'ao. Mapanga yalikuwa ya mbao yaliyopakwa rangi ya fedha. Asubuhi ya picha kubwa, jua lilichungulia chini ya ukingo wa wingu, likalala juu ya umande, na mteremko mzima ukawaka kama uliomwagiwa vioo. Mwanangu akatazama ndani ya kamera, akasikitika. "Mbao haing'ai," alisema. Akataka panga la kweli, moja tu, la mbele, kwa mtu anayejua kushika chuma. Mdogo wangu, yule wa kwenye matete, siku hizi ana bucha. Akapewa yeye.

Aliyelala chini yake alikuwa kinyozi wa upande wa Juu, mtu wa masihara, mkono wa kulia ameuinua kujikinga kama alivyoelekezwa. Mdogo wangu akanyanyua panga. Panga likanyakua jua. Mwanangu akangoja, akangoja tena, mng'ao ukamridhisha, akapaza sauti:

"Kata!"

Mdogo wangu akakata.

Mpiga picha aliganda, na kamera haikuzimwa. Kwa hiyo yote imo. Kinyozi hapigi kelele. Anautazama mkono pale unapokomea, kwa mshangao wa mtu aliyerudi nyumbani akakuta mlango haupo. Baba yangu alitazama vile vile. Nyuma yake nyasi zinametameta. Ndege anaendelea na wimbo wake. Nilipoiona mara ya kwanza nilitapika ndooni, nikajifuta mdomo, nikasema: hatimaye.

Ndiyo sababu ya ugomvi wetu. Jioni ile ile mtu wa jumba la sinema angekuja kuichukua filamu, na mwisho wa juma watu wa pande zote mbili wangekaa ukumbi mmoja kuitazama. Mwanangu alitaka nyama ile itoke. Mimi nilitaka ibaki.

"Ni mimi niliyesema lile neno," alisema, sasa akiokota vigae. "Ni mimi niliyetaka ing'ae. Siwezi kuing'arisha mara ya pili."

"Ukiacha machweo umewapa kadi ya salamu. Watatoka ukumbini wakisema bonde letu zuri."

"Si ni zuri?"

"Ni zuri na walituua ndani yake. Picha hii ndiyo pekee inayosema yote mawili. Nimeingoja tangu nikiwa sina matiti."

Aliviweka vigae mezani. Halafu akanipiga pale ambapo sikuwa nimejikinga. "Kinyozi mwenyewe umemuuliza? Akikubali, nitarudisha kwa mkono wangu."

Nikavaa viatu.

Kinyozi nilimkuta kibandani kwake, mbele ya kioo, amevaa koti jeupe, mkono mmoja wa koti umekunjwa na kubanwa kwa pini. Alikuwa ananyoa puto. Alikuwa amelipaka povu zito, amelikwamisha kwenye kiti cha wateja, na kwa mkono wa kushoto aliteremsha wembe polepole, ulimi nje kama mtoto anayejifunza kuandika.

Puto likapasuka. Povu likaruka hadi kwenye kioo.

"Huyo alikuwa hakimu," alisema. "Mungu amrehemu. Karibu, Mama Mkasi. Nikunyoe? Nimebakiwa na wateja wenye imani tu."

"Nimekuja na maneno. Nywele nimeziacha nyumbani."

"Maneno mkono wa kushoto unayamudu. Kaa."

Sikuzunguka mbuyu. Nilimwambia nataka kuuonyesha mkono wake, wote, tangu unapoinuliwa hadi unapoanguka. Alijifuta povu begani.

"Unaonekana vizuri?"

"Vizuri mno."

"Na nyasi?"

"Na nyasi."

"Asubuhi nzuri ile," alisema. "Nilikuwa nimelala chali nawaza, kumbe hawa watu walikufa mahali penye harufu tamu namna hii. Sikuwahi kujua. Kwetu hatusimuliwi." Akachukua puto jingine kutoka mfukoni, akalitazama, hakulipuliza. "Sasa nikuulize, Mama. Ukumbi umejaa. Wa kwetu huku, wa kwenu kule. Mkono unaruka. Wa kwenu watafanya nini?"

"Watalia."

"Mama Mkasi."

Alinitazama kupitia kioo, kati ya madoa ya povu.

"Watapiga makofi."

Niliinuka kitini.

"Hawatakusudia," aliendelea. "Viganja vitakutana vyenyewe. Babu yangu alivuka mto na panga, hilo sikatai, wala simtetei. Lakini mimi nilikuja kucheza, nikapewa soda na kofia. Watu wako wataona kisasi, na kisasi kina kiwiko changu. Na wa kwetu wakisikia yale makofi, kila mmoja ataanza kuangalia mlango uko wapi, na jirani yake ni nani."

"Kwa hiyo unakataa."

"Sijakataa. Mkono ulikuwa wangu, picha ni yako. Mimi nakwambia tu itakavyokuwa." Akalipuliza puto hadi mishipa ya shingo ikamtoka, akalifunga kwa meno. "Mwenye mkasi ni wewe."

Nilitoka pale nimefura. Angenikubalia ningeshukuru, angenikatalia ningebisha. Yeye hakunipa hata kamba ya kuvuta. Njia nzima nilijiambia kwamba hawezi kujua, kwamba watu wa Chini si wanyama, mimi ni wa Chini na sijawahi kushangilia damu. Nililirudia hilo mpaka likaanza kunuka kama kitu kilichokaa sana nje.

Nilisikia vurugu kabla sijafika mlangoni.

Mdogo wangu alikuwa katikati ya chumba na aproni yake ya kazi, mkononi ameshika kishoka cha mifupa. Macho yalikuwa mekundu. Mwanangu alikuwa amebanwa kwenye kona, ubao wa rafu ukiwa tayari umepasuliwa juu ya kichwa chake.

"Mjomba, weka hicho chini. Tafadhali, Mjomba."

"Iko wapi?" Aliponiona alinigeukia. "Dada, imo kwenye ipi? Hii? Au hii?" Kila aliposema "hii" kishoka kilishuka juu ya kitu: spika, kiti, sanduku la nyaya.

"Una kichaa? Hii ni nyumba yangu."

"Leo ameingia mtu buchani, Dada. Nikamuuliza, nikupe wapi, paja au mbavu? Akasema hataki nyama, anataka kunishika mkono. Huu! Akaubusu, umejaa mafuta hivi hivi, akaubusu! 'Umetulipizia,' ananiambia. 'Tunangoja tukuone kwenye sinema.' Wananiita Shujaa. Watoto wananiimbia nikipita!"

"Kaa nikupe maji."

"Sitaki maji! Mimi ni muuza nyama. Kutwa nzima watu wananiambia kata, nami nakata. Kata hapa, kata pale, kata katikati. Ningejuaje? Mkono ulisikia kabla yangu." Sauti ikampasuka. "Tangu siku ile sijakata hata mfupa. Mteja akisema neno, nakimbilia nyuma ya duka kutapika. Nionyeshe imo wapi niiue."

Macho yake yakaifikia kompyuta kubwa, na kwenye kioo chake, kama kwa nuksi, picha ilikuwa imesimamishwa pale pale: yeye, panga juu, jua.

Nikasimama mbele yake.

"Ondoka, Dada."

"Siondoki."

"Dada, ondoka!"

Mkono wake ukapanda. Dirisha lilikuwa wazi na jua la alasiri limeingia hadi ukutani. Makali ya kishoka yakalidaka, utepe mweupe wa mwanga ukapita darini, ukateremka usoni mwa mwanangu, ukaja kunigonga machoni. Nami nikawaza: mwanga huu. Mungu wangu, mwanga huu. Laiti angesogea kushoto kidogo.

Hivyo ndivyo nilivyowaza. Mtoto niliyemziba mdomo kwenye matete ili asiuawe ameniinulia chuma juu ya utosi, na mimi nampanga ndani ya fremu.

Mwanangu alifumbua kinywa. Nililiona neno likipanda kooni mwake. "Ka..." alisema, kisha akajiziba mdomo kwa viganja vyote viwili, macho yamemtoka. Hakuwa na neno jingine. Hakuna aliyekuwa nalo mle chumbani.

Kishoka kikashuka.

Alinikosa kwa upana wa sikio. Kioo kililipuka nyuma yangu, na kitu chembamba, cha moto, kikanichana juu ya jicho. Akang'oa kishoka kwenye fremu ya plastiki, akapiga tena, na tena, akiguna kwa kila pigo kama anayepasua kuni. Mwanangu akamrukia mgongoni, akamng'ata shingoni. Mjomba wake alimtikisa akamtupa kwenye rafu. Nilisikia mbavu zikigonga ubao. Nilikamata stendi ya taa, nikampiga nyuma ya goti kwa nguvu zangu zote, na aliposhuka nikampiga tena begani, na mara ya tatu, ambayo haikuwa na sababu. Akaanguka juu ya chai iliyomwagika. Kishoka kikateleza chini ya meza.



"Imekufa?" mdogo wangu aliuliza sakafuni.

"Hapana," nilisema. "Umevunja kioo. Picha haikai kwenye kioo."

Akaanza kulia kwa sauti ya ajabu, nyembamba, sauti ya mtoto aliyezibwa mdomo.

Damu ilikuwa inanijaa jichoni. Mwanangu alitambaa hadi kwangu, akaniinua kidevu kama mimi nilivyokuwa nikimfanyia yeye akianguka, akanibana kitambaa juu ya nyusi.  Nilimshika kifundo cha mkono.

"Kuna ile ndogo," nilimwambia. "Lete."

Aliitoa kompyuta ndogo kabatini. Nikachomeka diski yenye filamu, nikaketi sakafuni kati ya vioo, mgongo kwenye mguu wa meza. Sikumweleza kitu. Nilikuwa nimekwisha kukata shauri, na shauri likipoa huanza kutafuta wakili.

Kwanza nikatoa machweo yake. Kisha filimbi.

"Mama, nilidhani..."

"Subiri."

Kabla watu hawajaingia kwenye picha ile, kamera ilikuwa imekaa ikiungoja mwanga, na mteremko ulikuwa mtupu. Nyasi tu, zimelala kwa uzito wa maji. Ndege mmoja. Hakuna panga, hakuna muziki, hakuna anayekuja wala anayekwenda. Nikaunakili mteremko huo peke yake, nikauweka mahali pa yote.

"Ni mrefu mno," alinong'ona. "Watu watachoka."

"Wachoke. Acha mpaka waanze kukohoa. Acha mpaka kila mmoja aweke pale mtu wake."

Mdogo wangu alikuwa ameinua kichwa, anaangalia kijani kile kikimulika sakafuni, usoni pake, juu ya chai.

Ilibaki picha yenyewe, ile mbichi, iliyotoka kwenye kamera. Haikuwa na nakala nyingine. Nikaifungua kwa mara ya mwisho nikaisimamisha kwenye uso wa kinyozi, pale anapotazama mkono wake, na nikamtafuta baba yangu humo. Alikuwepo. Ndiyo sura yake hasa, na popote pengine duniani nisingeipata. Nikaifunga, nikaiteua. Mashine ikauliza kama nina hakika ya kuifuta.

Kidole kikawa juu ya kibodi, damu yangu imeshakauka ukuchani. Mazoea ni mazoea: nikangoja konzi nyuma ya mgongo wangu.

Mwanangu hakugonga. Alipiga magoti, akaweka kidevu begani mwangu, na kwa upole, kama anayemtuliza ng'ombe, akasema:

"Basi."

Sakafuni mdogo wangu aligeuka kama aliyeitwa jina.

Ndilo neno la baba. Sikumwambia kamwe.

Nikabonyeza.